Amri Iliyopuuzwa: Mwongozo kwa Mtahiniwa Aliye Bara Hindi

Wewe uliyevuka bahari kutoka Mombasa, Tanga au Unguja kwenda kusoma Pune, Bengaluru au Hyderabad, ukafanya mtihani, ukaangushwa katika somo moja kwa alama ambazo moyo wako haukuzikubali, ukafika mpaka Mahakama Kuu na kupewa amri kwamba majibu yako yasahihishwe upya, na sasa majuma mengi yamepita pasipo jibu wala dalili ya jibu, maneno haya nimeyaandika kwa ajili yako; na pia kwa ajili ya mzazi wako aliyeko nyumbani, ambaye kila mwisho wa mwezi hupeleka fedha asijue kwa nini mwaka wa tatu umezaa wa nne. Muradi wangu ni kukueleza njia iliyobaki, ambayo ni shauri la kudharau mahakama: lilivyo, lini huleta faida, na lini halifai kitu. Nimeona watu wakilikimbilia kwa hasira na kurudi mikono mitupu, si kwa kuwa haki haikuwa yao, bali kwa kuwa hawakuisoma vema karatasi waliyokuwa nayo mkononi.

Sheria za huko si ngeni kabisa kwetu. Zamani za ubalozi wa Kiingereza Unguja, rufaa kutoka katika mahakama ya balozi zilisafirishwa kwenda Mahakama Kuu ya Bombay, na kwa miaka mingi sheria kadhaa za Bara Hindi zilitumika katika pwani yetu na katika bara lake. Basi utakapoingia katika mahakama za huko utayakuta mashina ya miti ambayo matawi yake umeyaona nyumbani.

Katiba ya India, katika kifungu cha 215, imeipa kila Mahakama Kuu mamlaka ya kumwadhibu anayeidharau, na Sheria ya Kudharau Mahakama ya mwaka 1971 imeigawa dharau mafungu mawili, ya madai na ya jinai. Inayokuhusu wewe ni ya madai, na kifungu cha 2(b) chaieleza kuwa ni kuasi kwa makusudi hukumu, amri au maagizo ya mahakama, au kuvunja kwa makusudi ahadi iliyotolewa mbele ya mahakama. Lishike neno hilo makusudi, kwa sababu ndilo litakalokutoa jasho. Ajizi, kupotea kwa jalada, karani aliyehamishwa, likizo ya Diwali, msahihishaji aliyekataa kazi: yote haya chuo kitayaleta mbele ya jaji kama hujja kwamba amri ilichelewa kutekelezwa lakini haikuasiwa, na ni juu yako kuonyesha kwamba mkubwa wa ofisi aliijua amri, aliweza kuitekeleza, na hakutaka.

Adhabu yake ni kifungo kisicho na kazi kisichozidi miezi 6, au faini isiyozidi rupia 2,000, au vyote viwili. Na katika dharau ya madai sheria inataka faini iwe ndiyo kawaida, na mtu azuiliwe katika jela ya madai pale tu jaji aonapo kwamba faini haitoshi kutimiza insafu. Rupia 2,000 hazikitishi chuo kikuu. Kinachotisha ni kwamba dharau humwandama mtu na wala haiishii kwenye kiti alichokalia, na ofisa aliyezoea kujibu barua kwa jina la cheo chake huanza kuisoma amri kwa makini siku aonapo jina alilopewa na baba yake limeandikwa juu ya shauri.

Turudi nyuma kidogo, kwa ajili ya yule ambaye bado hajapata amri, na kwa kuwa dharau haiwezi kuwa na nguvu kuliko amri iliyoizaa. Usahihishaji upya si haki ya kuzaliwa nayo. Mahakama ya Juu ya India ilikwisha kuamua mwaka 1984, katika shauri la bodi ya elimu ya Maharashtra, kwamba kanuni inayomzuia mtahiniwa kudai kusahihishiwa upya si batili, na tangu hapo majaji wamerudia kwamba pale kanuni za mtihani zisipotoa ruhusa hiyo, mtahiniwa hana haki ya kuidai. Mwaka 2011, katika shauri la bodi kuu ya elimu ya sekondari, CBSE, mahakama hiyo hiyo ilifungua dirisha jingine iliposema kwamba kijitabu cha majibu kilichosahihishwa ni taarifa, na mtahiniwa anaweza kukitazama na kupata nakala yake kwa Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2005, ingawa jina la msahihishaji hubaki siri.

Lakini hapa wageni wengi hujikwaa. Kifungu cha 3 cha sheria hiyo ya mwaka 2005 chasema haki ya kupata taarifa ni ya raia, nawe si raia wa India. Basi usipoteze muda kuandika ombi ambalo karani ataweza kulirudisha kwa mstari mmoja. Tazama kanuni za chuo chako, kwa kuwa vyuo vingi vimeweka ada na muda wa kuomba nakala ya kijitabu, na muda huo huwa mfupi, huhesabiwa kwa siku tangu matokeo yatangazwe. Wakikunyima hata hicho, hukufungiwa nje: kifungu cha 14 cha Katiba, kinachozungumzia usawa mbele ya sheria, kimeandikwa kwa kila mtu, si kwa raia peke yake, na kwa njia ya kifungu cha 226 unaweza kuingia Mahakama Kuu kama anavyoingia mwenyeji.

Ukishaingia, lipi utakaloweza kuonyesha? Mwezi wa Desemba 2017, katika shauri la Ran Vijay Singh na serikali ya jimbo la Uttar Pradesh, Mahakama ya Juu ilikusanya kanuni zake zote mahali pamoja: kama kanuni za mtihani haziruhusu kusahihisha upya, jaji ataamuru tu pale kosa litakapokuwa dhahiri, lisilohitaji kuzungushiwa hoja ili lionekane, tena katika nadra ya mambo, jaji mwenyewe hasahihishi majibu, kwa kuwa si fani yake, na penye shaka, faida ya shaka huenda kwa mwenye kutunga mtihani.

Acha nikuonyeshe maana ya kosa la dhahiri, kwa jambo nililoliona kwa macho yangu. Nilimsindikiza mpwa wangu siku aliyoruhusiwa kukitazama kijitabu chake, katika chuo ambacho sitakitaja, nasi tukaketishwa kwenye meza ya chuma chini ya feni, karani akisimama karibu asije mtu akatia kalamu. Juu ya jalada palikuwa na jedwali la namba za maswali na alama zake, na katika chumba cha swali la sita palikuwa na kistari. Kijana akageuza kurasa mpaka mwisho, akakuta karatasi zake mbili za ziada, zile ambazo mtahiniwa hupewa anapomaliza kurasa na kuzifunga mwenyewe kwa uzi mweupe kwenye pembe, zimekunjamana nyuma ya jalada la chini, fundo la uzi limetelemka, na juu yake hapana hata nukta moja ya wino mwekundu. Swali la sita lilikuwa humo, lote, kwa mkono wake. Halafu akanionyesha swali la nne, alilopewa alama 5 katika 10 naye akijiona anastahili 8. Nikamwambia, mwanangu, hili la nne liache. La sita hata asiyejua uhandisi aliona kwamba halikusomwa. La nne lingehitaji maprofesa wawili wabishane mpaka jioni. Wakili wake alishauri vivyo hivyo, wakaomba jambo moja tu, na wakapewa.

Sasa isome amri yako. Ziko amri za namna mbili, na tofauti yake ndiyo itakayokuamulia kama una shauri la dharau au huna. Ya kwanza huagiza tendo: karatasi fulani zisahihishwe, na msahihishaji mwingine, katika muda fulani, na matokeo yatolewe kwa maandishi. Ya pili, ambayo Mahakama Kuu hutoa kwa wingi kwa sababu mafaili ni mengi na siku ni fupi, husema tu kwamba chuo kilifikirie ombi la mwanafunzi na kulitolea uamuzi kwa mujibu wa kanuni. Hii ya pili huwafurahisha watu mlangoni mwa mahakama, wakapigiana simu na nyumbani, ilhali chuo kinaweza kuitii kwa barua ya mistari mitatu yenye kusema ombi limefikiriwa na limekataliwa. Na hapo hakuna aliyeidharau mahakama, kwa kuwa mahakama haikuagiza zaidi ya kufikiri. Wakili wako akikuambia jaji anaelekea kutoa amri ya namna hiyo, mwombe asimame tena kwa adabu na kuomba maneno matatu: nani atatenda, atatenda nini, na mpaka lini. Dakika mbili za siku hiyo zina thamani kuliko mwaka mzima wa shauri la dharau.

Ukiisha kuipata amri, ifikishe. Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo mpwa wangu alipopotewa na majuma manane. Amri yake ilisema kazi ifanyike katika muda wa majuma manne tangu kupokelewa kwa nakala iliyothibitishwa, lakini karani wa wakili, kwa nia njema kabisa, aliituma kwa barua pepe nakala aliyoipakua katika tovuti ya mahakama, isiyo na mhuri wala saini ya uthibitisho, na sote tukaanza kuhesabu siku. Tulipokwenda kuuliza, ofisi ikajibu kwa upole kwamba saa yake bado haijaanza kwenda, kwa sababu nakala iliyothibitishwa haijapokelewa, na kwa mujibu wa maneno ya amri walisema kweli. Ikatubidi kuanza upya.

Basi fanya hivi. Omba nakala zilizothibitishwa zaidi ya moja siku ile ile amri inapotiwa saini. Andika barua fupi ya kuisindikiza, itaje namba ya shauri, tarehe ya amri, na tarehe ambayo kwa hesabu yako muda utakwisha. Ipeleke kwa mkono katika dirisha la kupokelea barua, mbele ya macho yako nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe na kutiwa saini, wala usiondoke kwa kuambiwa pita kesho. Kisha ipeleke tena kwa posta yenye risiti na uthibitisho wa kupokelewa. Mpelekee Msajili wa chuo, mpelekee na mkuu wa mitihani, kila mmoja barua yake. Muda ukiisha bila jibu, wakili aandike ilani ya kuwapa siku 15 nyingine, akiwaarifu kwamba baada ya hapo shauri la dharau litafunguliwa. Sheria haikulazimishi kuandika ilani hiyo, lakini ikija siku ya kubishana juu ya makusudi, ofisa aliyeonywa kwa maandishi na kunyamaza hana tena pa kujificha.

Huku ukiandika, usiisahau kalenda. Kifungu cha 20 cha sheria ya mwaka 1971 kinaipiga mahakama marufuku kuanzisha mashtaka ya dharau baada ya mwaka mmoja kupita tangu siku ambayo dharau inadaiwa kutendwa, na Mahakama ya Juu ilifafanua mwaka 2001 kwamba mwenye kuwasilisha maombi yake ndani ya mwaka huo amewahi. Mwaka huo huanza muda wa amri unapokwisha, wala haurudi nyuma kwa kuwa unaendelea kubembelezana na ofisi kwa barua. Wako waliopewa ahadi ya juma lijalo mara hamsini na mbili.

Katika maombi, mtaje kwa jina lake yule aliyekuwa na wajibu wa kutekeleza, pamoja na cheo chake wakati ule. Usimtaje Makamu Mkuu wa Chuo kwa kuwa ni mkubwa, ikiwa kazi ilikuwa ya mkuu wa mitihani na wa juu yake hakupelekewa hata barua. Jaji ataona unatafuta kumwaibisha mtu, na hasira yako itaonekana kubwa kuliko haki yako. Ambatanisha amri, barua zenye mhuri, risiti za posta, ilani, na hati ya kiapo inayosimulia mambo kwa tarehe. Wala usiandike kwamba msahihishaji ni mlaji rushwa au jaji fulani ni kibaraka wa chuo. Maneno ya kumkashifu jaji yana fungu lake katika sheria hiyo hiyo, la dharau ya jinai, nawe uliyekuja kama mlalamikaji ukajikuta upande wa pili.

Itakuwaje baada ya hapo? Aghalabu jaji hutoa ilani, na katika majuma machache hayo kazi iliyoshindikana kwa miezi hufanyika kwa siku mbili, kisha chuo huleta hati ya kiapo kusema amri imetekelezwa. Mara nyingine chuo husema kimekata rufaa. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi amri. Kinachosimamisha ni zuio lililotolewa na mahakama ya juu yake, ingawa zuio likiwa limekwisha kuombwa na halijasikilizwa, majaji hupendelea lisikilizwe hilo kwanza. Usitarajie kumwona ofisa akiburutwa mahakamani kwa miguu yake: Januari 2024 Mahakama ya Juu iliweka utaratibu kwamba maofisa wa serikali wasiitwe hovyo, na wanapohitajika watangulie kufika kwa njia ya video. Nami naona ni vema, kwa kuwa hukwenda pale kuangalia mtu akitetemeka, ulikwenda kusomewa karatasi zako.

Ofisa akiomba radhi, sheria yamruhusu jaji kumsamehe akiridhika nayo, wala radhi haikataliwi kwa sababu tu imetiwa masharti, madhali imetolewa kwa moyo safi. Ushauri wangu ni kwamba usiipinge. Na kama jaji ataamua kwamba hapana dharau, ujue kifungu cha 19 kinampa rufaa yule aliyeadhibiwa, si wewe uliyekataliwa. Mahakama ya Juu ililisema hilo waziwazi mwaka 2006, na njia inayokubakia ni kwenda Delhi kuiomba mahakama hiyo ruhusa maalumu, safari ndefu yenye gharama kubwa.

Nimeliweka nyuma jambo linalowaumiza watu kuliko yote. Ikiwa karatasi zimesahihishwa kama ilivyoamriwa, na alama zikabaki zilezile, au zikashuka, shauri la dharau limekwisha. Mwaka 1996, katika shauri la J. S. Parihar lililohusu orodha ya watumishi wa Rajasthan kwa daraja zao, Mahakama ya Juu ilisema kwamba mamlaka ikiisha kutoa uamuzi kwa kufuata maagizo ya mahakama, uamuzi huo waweza kuwa sawa au si sawa, lakini makosa yake si uasi. Ni jambo jipya, na mwenye kulalamika afungue shauri jipya. Mahakama katika dharau hutazama kama ulipewa ulichoamriwa upewe, wala haiwezi kukuongezea juu yake hata alama moja. Kwa hiyo, kabla hujatoa ada ya wakili, jiulize kwa unyofu: nalalamika kwamba hawakusoma, au kwamba wamesoma na hawakunipa? La kwanza ni dharau. La pili, kama lina nguvu, lirudishe kwenye kifungu cha 226, na ukumbuke kanuni za Desemba 2017.

Mpwa wangu alisomewa karatasi zake siku ya tisa baada ya ilani ya jaji, akapata alama 7 katika 10 za swali la sita, zikamvusha. Akapewa karatasi mpya ya matokeo, wakili wa chuo akasimama kuomba shauri lifungwe, na wakili wetu alikuwa amekwisha kuinama kukubali. Kijana akamvuta joho. Alikuwa amepita asubuhi ile katika dirisha la vyeti akaambiwa kwamba katika rejista bado anaonekana ameanguka, na kwa hiyo cheti chake cha muda hakiwezi kutolewa, nayo viza yake ya masomo ilikuwa imebakiza siku kidogo. Jaji akauliza, na wakili wa chuo akaahidi kwamba rejista itarekebishwa na cheti kutolewa katika siku 10. Nawe ukifika hapo, usitosheke na ahadi ya mdomo: omba iandikwe katika amri ya kulifunga shauri, pamoja na tarehe, kwa sababu ahadi iliyotolewa mbele ya mahakama na kuandikwa, ikivunjwa kwa makusudi, ni dharau nyingine chini ya kifungu kile kile cha 2(b), na mwaka wako huanza kuhesabiwa upya.